Mzee wa Kipande cha Mombasa: Earl Cameron na Kazi ya Mhusika Msaidizi

Swali: Katika filamu ya Inception kuna kipande kinachotokea Mombasa, ambapo mzee mmoja mweusi mwenye upara, ndani ya chumba cha watu waliolala usingizi wa dawa, anasema maneno machache kisha haonekani tena. Nimesikia kwamba alikuwa mwigizaji wa siku nyingi Uingereza. Ni nani? Aliishije kwa nafasi ndogo namna hiyo, na kwa nini hakuwahi kuwa steringi? Nauliza kwa sababu mimi mwenyewe naigiza, na kila mara napewa nafasi za pembeni. (Msomaji, Likoni)

Jibu: Mzee huyo ni Earl Cameron. Alizaliwa Pembroke, kisiwani Bermuda, tarehe 8 Agosti 1917, na akafariki Kenilworth, Uingereza, tarehe 3 Julai 2020, akiwa na umri wa miaka 102. Christopher Nolan alipompa nafasi hiyo katika filamu iliyotoka mwaka 2010, Cameron alikuwa ameshavuka miaka tisini. Mombasa unayoiona humo ilipigwa Tangier, nchini Moroko, na katika orodha ya waigizaji mhusika wake hakupewa hata jina. Ameandikwa tu kuwa ni mzee mwenye upara. Hata hivyo maneno yake machache ndiyo yanayoeleza watu wale wanakuja pale kutafuta nini, na bila ya maelezo hayo chumba chote kingebaki fumbo lisilo na uzito.

Nimetangulia kutaja hilo kwa sababu lina jibu la maswali yako mengine. Ukizitazama filamu zake kwa mfululizo, utaona kwamba Cameron alipewa kazi ya aina moja tena na tena: aliwekwa mbele ya wahusika wengine ili wao wajulikane ni watu wa namna gani. Steringi alipimwa kwa jinsi alivyomwamkia, alivyompa mkono au alivyokataa kumpa. Kazi hiyo huonekana nyepesi kwa sababu haina hotuba ndefu, na ni ngumu kwa sababu hiyo hiyo, maana mwigizaji anatakiwa kusikiliza mbele ya kamera na usikilizaji wake uonekane. Cameron aliifanya tangu alipokuwa kijana wa jukwaani hadi uzeeni, na sijui wengi walioifanya vizuri kumpita.

Hakuanza na ndoto ya uigizaji. Alikuwa mwana wa mwashi, akaingia kazi ya ubaharia katika meli za biashara, na meli ndiyo iliyomfikisha London mwezi Oktoba 1939, vita vikiwa vimeshaanza. Meli ikaondoka bila yeye. Alibaki katika jiji ambalo mtu mweusi alipata kazi kwa taabu, na alizozipata zilikuwa za kuosha vyombo na mfano wake. Alikuwa katika jiko la mkahawa wa Strand Corner House pale alipomwomba rafiki yake, aliyekuwa na nafasi ndogo katika tamthilia ya muziki ya Chu Chin Chow kwenye ukumbi wa Palace, amtafutie na yeye nafasi. Kwanza aliambiwa zote zimejaa. Baada ya wiki chache mwigizaji mmoja hakutokea kazini, Cameron akapelekwa kwa mwongozaji na kuajiriwa papo hapo. Huo ulikuwa mwaka 1941. Mwaka uliofuata alipata nafasi yenye maneno ya kusema, ya dereva katika The Petrified Forest, na alisaidiwa na jambo ambalo hakulitafuta: lafudhi yake ya Bermuda ilisikika masikioni mwa Waingereza kama ya Kimarekani, na tamthilia nyingi zilizokuwa na wahusika weusi wakati huo zilitoka Marekani.

Kisa cha jikoni husimuliwa sana kama kisa cha bahati. Mimi naona kilichofuata kina uzito zaidi. Bahati ilimfungulia mlango wa ukumbi, lakini tangu siku hiyo hadi filamu yake ya kwanza ilipita karibu miaka kumi, na katika miaka hiyo alifanya kazi ya jukwaani mfululizo, akazunguka miji ya Uingereza na Deep Are the Roots, akaenda India na kundi la kuwaburudisha askari. Alipohisi kwamba sauti yake haitoshi, alikwenda kujifunza kwa Amanda Ira Aldridge, mwimbaji na mwalimu wa sauti ambaye kwa wakati huo alikuwa bibi kizee, na ambaye baba yake, Ira Aldridge, ndiye mwigizaji mweusi mzaliwa wa New York aliyecheza Othello katika majukwaa ya Ulaya katika karne ya 19. Kwa hiyo Cameron alipofika mbele ya kamera hakuwa mtu aliyeokotwa njiani. Alikuwa na sauti iliyofundwa, na alijua kusimama bila kuchezesha mikono.

Filamu hiyo ya kwanza ilikuwa Pool of London, iliyotengenezwa na studio za Ealing na kutoka mwaka 1951, mwongozaji akiwa Basil Dearden. Cameron ni Johnny, baharia wa Jamaika ambaye meli yake imetia nanga London kwa siku za mwisho wa wiki. Anakutana na Pat, msichana Mzungu anayeuza tiketi za ukumbi wa maonyesho, ambaye ameigizwa na Susan Shaw, wakatembea pamoja, wakafika kanisa kuu la Mtakatifu Paulo na Greenwich. Wanahistoria wengi wa sinema huihesabu filamu hiyo kuwa ya kwanza ya Uingereza kuonyesha mapenzi, ingawa yasiyotamkwa, baina ya mtu mweusi na Mzungu. Hawabusiani hata mara moja. Yaliyobaki Cameron anayafanya kwa macho na kwa namna anavyochelewesha jibu: Johnny anapenda kusema jambo, anajipima, kisha anasema jambo dogo zaidi kuliko lile alilotaka. Kwa mizani yoyote hiyo ni nafasi kubwa, karibu sawa na ya rafiki yake Dan, aliyeigizwa na Bonar Colleano. Lakini mkasa wa wizi na mauaji ni wa Dan, na Johnny ndiye dhamiri inayomfanya Dan achague mwisho wake.

Hapo ndipo ulipo mzizi wa swali lako la usteringi. Cameron hakukosa uwezo, wala watazamaji hawakumkataa. Tatizo lilianza mezani kwa mwandishi wa skripti. Sinema ya Uingereza ya miaka ya 1950 iliendeshwa na kampuni kubwa, hasa Rank, zilizokuwa na nyota wao wa mkataba kama Dirk Bogarde, na hadithi zilitafutwa kwa ajili ya nyota hao. Mtu mweusi aliingia katika hadithi pale tu ambapo ilihitaji swali kuhusu rangi au kuhusu koloni, na swali lenyewe liliulizwa kutoka upande wa Mzungu: je, yeye atakuwa mwema au mbaya? Aliyeulizwa ndiye steringi. Aliyesababisha swali ni msaidizi. Cameron angecheza vizuri namna gani, mpangilio huo usingebadilika, kwa kuwa uliamuliwa kabla hajaitwa.

Tazama jinsi Dearden alivyomtumia tena katika Sapphire, iliyopata tuzo ya BAFTA, tuzo kuu ya sinema ya Uingereza, ya filamu bora ya nchi hiyo kwa mwaka 1959. Msichana anakutwa ameuawa katika mbuga ya Hampstead Heath, na polisi wanamchukulia kuwa Mzungu kwa kuwa rangi yake ni nyeupe. Wanamwita kaka yake kutoka Birmingham. Mlango unafunguliwa, anaingia Daktari Robbins, ambaye ni mweusi, na kwa kuingia kwake tu kesi nzima inageuka. Cameron anaingia kwa ustaarabu wa daktari aliyezoea kuwapa watu habari mbaya, akiwa sasa ndiye anayepewa. Anaona mshtuko katika nyuso za maafisa, naye anausubiri upite, maana ni wazi kwamba ameuona mara nyingi maishani. Hakasiriki wala hajishushi, na subira hiyo inawafedhehesha zaidi kuliko maneno. Karibu na mwisho, katika nyumba ya familia ya mchumba wa marehemu, Robbins anashikashika mdoli wa watoto wa nyumba hiyo akiwa katika mawazo, na mama wa watoto hao, aliyeigizwa na Yvonne Mitchell, hawezi kuvumilia kuuona mkononi mwake. Chuki yake inapasuka na kumtoa hadharani. Msanii mwingine angejaribu kuifanya ishara ile ya mkono iwe kubwa. Cameron ameifanya iwe ya mtu aliyefiwa ambaye hajui mikono yake aiweke wapi, na ndiyo maana unaiamini.

Katika Flame in the Streets ya mwaka 1961 kazi ni ile ile, safari hii akiwa Gabriel Gomez, fundi wa kiwanda cha samani anayestahili kupandishwa cheo. Kiongozi wa chama cha wafanyakazi, John Mills, anamtetea kwa nguvu kwenye mkutano, kisha anarudi nyumbani na kukuta kwamba binti yake anataka kuolewa na kijana mweusi, naye hawezi kukubali. Msomaji ataona tena kipimo kilipo.

Sasa nije kwenye filamu zinazotugusa sisi moja kwa moja, kwa sababu sitaki usome habari za Cameron kana kwamba kila alichokifanya kilikuwa fahari. Mwaka 1955 ilitoka Simba, ya mwongozaji Brian Desmond Hurst, iliyohusu vita vya Mau Mau. Hali ya hatari ilikuwa imetangazwa Kenya mwezi Oktoba 1952, na filamu hiyo ilipoonyeshwa London maelfu ya Wakikuyu walikuwa vizuizini. Sehemu kubwa ilipigwa katika studio za Pinewood, mandhari yakaletwa kutoka Kenya. Mkulima wa Kizungu ni Dirk Bogarde. Cameron ni Karanja, daktari Mkikuyu, na baba yake, mkuu wa kijiji, ni Orlando Martins, mzaliwa wa Lagos. Kwa hiyo baba na mwana wa Kikuyu waliigizwa na Mnaijeria na mtu wa Bermuda, jambo ambalo halikumsumbua yeyote katika ofisi za watayarishaji.

Filamu hiyo inawaonyesha wapiganaji kama watu wasio na sababu. Ardhi iliyochukuliwa, ambayo ndiyo iliyokuwa kiini cha vita, haipewi nafasi inayostahili. Ndani ya hadithi hiyo finyu Karanja ndiye Mwafrika pekee anayeruhusiwa kufikiri mbele ya mtazamaji, na bei ya ruhusa hiyo ni kwamba anamfichua baba yake mwenyewe. Ningekuwa mwongo nikisema kwamba uigizaji wa Cameron unaisafisha. Ninachoweza kusema kwa dhati ni kwamba alikataa kumfanya Karanja kuwa kibaraka. Walowezi wanapomdharau, haombi kupendwa. Anaendelea na kazi yake ya udaktari kama mtu aliye mbele ya wagonjwa, na kwa muda mfupi filamu inaonekana kuwa imemweka mtu asiye mahali pake katikati, yaani mkulima badala ya daktari. Mwaka 1956 katika Safari alipewa upande wa pili: mtumishi, aliyeandikwa kwenye skripti kwa jina la Jeroge, ambaye amejiunga na Mau Mau na kumuua mtoto wa bwana wake. Huko hakukuwa na cha kuokoa. Nafasi iliandikwa kama tishio tu, na tishio ndilo lililobaki.

Kuhusu alivyoishi, jibu limo katika majina yanayojirudia kwenye filamu hizo. Safari ilitengenezwa na Warwick, kampuni ya Irving Allen na Albert Broccoli, iliyopenda visa vya Afrika ya Mashariki vyenye wanyama na bunduki. Kampuni hiyo hiyo ilimwita Cameron katika Odongo mwaka 1956 na katika Killers of Kilimanjaro mwaka 1959. Baadaye Broccoli akawa mmoja wa watayarishaji wawili wa filamu za James Bond, na mwaka 1965 Cameron akaonekana katika Thunderball akiwa Pinder, mtu wa majasusi kule Nassau, Bahamas. Dearden naye alimtumia zaidi ya mara moja, kama ulivyoona. Mwigizaji msaidizi haishi kwa filamu moja kubwa, bali huishi kwa watu watatu au wanne wanaomkumbuka kila wanapopanga orodha ya waigizaji, na wanamkumbuka kwa sababu alifika akiwa amejiandaa, hakuwachelewesha, na alifanya kipande kidogo kionekane kimekamilika. Nadhani wewe uliye mwanzoni unahitaji kulijua hili kuliko habari za tuzo.

Televisheni ilimsaidia sana, hasa kuanzia mwaka 1960, BBC ilipompa nafasi ya dereva wa teksi mhamiaji wa West Indies anayeandamwa na ubaguzi wa wenzake katika The Dark Man. Mwaka 1966 alivaa suti ya mwanaanga katika Doctor Who, mfululizo wa BBC wa visa vya kubuni vya safari za anga na wakati, wakati ambapo hakuna mtu mweusi aliyekuwa amewahi kurushwa angani kwa hakika. Mwaka 1964 alikuwa Kapteni Abraham katika Guns at Batasi, ofisa mwaminifu kwa serikali katika nchi ya Afrika isiyotajwa jina iliyopata uhuru karibuni, ambaye anajeruhiwa katika maasi na kufichwa na askari wa Kiingereza. Hiyo ni nafasi yenye heshima, ingawa kwa muda mrefu yumo kitandani huku wengine wakibishana juu yake.

Nafasi ninayoipenda kuliko zote ni ya mwaka 1976, na huenda umeshaiona bila kujua kwamba ni yeye. Moustapha Akkad alipotengeneza The Message, filamu ya kuja kwa Uislamu ambayo Waislamu wengi wa pwani yetu wameitazama nyumbani, alimpa Cameron nafasi ya Najashi, mfalme wa Uhabeshi aliyewapokea Waislamu wa kwanza waliokimbia mateso ya Makka. Kumbuka nilivyosema kuhusu usikilizaji. Katika filamu zile za London alikuwa akisikiliza kama mtu anayehukumiwa. Hapa anasikiliza kama hakimu. Jafar, msemaji wa Waislamu hao, anajitetea mbele yake, wajumbe wa Makureshi, kabila lililotawala Makka, wanamchongea, na yeye ametulia juu ya kiti cha enzi akiwapima wote wawili, bila kuashiria uamuzi unaelekea wapi. Kisha anachora mstari chini kwa fimbo yake na kusema kwamba tofauti baina ya dini yao na yake haizidi unene wa mstari huo. Mbinu ni ile ile ya Daktari Robbins. Kilichobadilika ni mwandishi kumpa mamlaka. Kwangu huo ni ushahidi wa kutosha kwamba miaka ishirini ya nyuma wangeweza kumpa, laiti wangetaka.

Muda si mrefu baadaye aliondoka. Alikuwa amejiunga na dini ya Baha'i mwaka 1963, na mwaka 1979 alihamia Visiwa vya Solomon, katika bahari ya Pasifiki, kwa ajili ya huduma ya dini yake, akakaa huko hadi mwaka 1994. Ni miaka kumi na mitano nje ya sinema, katika umri ambao wazee wenzake walikuwa wanachukua nafasi za majaji na mababu. Kwa mwigizaji msaidizi kutokuwepo ni hatari, kwani anayepanga waigizaji humwita aliye karibu. Aliporudi alianza kwa nafasi ndogo, akijulishwa kwa kizazi ambacho hakikumfahamu.

Ndipo Sydney Pollack akamwita kwa The Interpreter ya mwaka 2005, filamu ya kwanza kuruhusiwa kupigwa ndani ya kumbi za Baraza Kuu na Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa, New York. Humo yeye ni Rais Zuwanie wa nchi ya kubuni iitwayo Matobo, mkombozi aliyegeuka dikteta. Msikilizaji wa Kiswahili atashtuka akisikia lugha ya nchi hiyo, kwa kuwa ilitungwa kwa kuegemea lugha za Kibantu, Kiswahili na Kishona zikiwemo. Karibu na mwisho analazimishwa kwa bastola kusoma kwa sauti maneno aliyoyaandika mwenyewe alipokuwa bado mpigania uhuru. Cameron anasoma taratibu, na unaona usoni mwake mzee akimsikiliza kijana aliyekuwa yeye. Nicole Kidman na Sean Penn ndio wenye majina makubwa kwenye tangazo, lakini kipande kile kinategemea uso wake, naye alikuwa karibu na miaka tisini.

Heshima rasmi zilikuja mwishoni: nishani ya CBE ya ufalme wa Uingereza mwaka 2009, ukumbi wa maonyesho wa Hamilton, Bermuda, kupewa jina lake mwaka 2012, na shahada ya heshima ya Chuo Kikuu cha Warwick mwaka 2013. Nafurahi kwamba alikuwa hai kuzipokea, ingawa ningependa zaidi angepewa skripti nzuri mwaka 1955.

Kwako wewe unayeigiza, nafasi ya pembeni isikukatishe tamaa, lakini pia usiikubali kila inayokuja kwa kudhani kwamba ufundi utaiokoa. Safari inaonyesha mipaka ya ufundi. Kabla ya kukubali, isome skripti uangalie kama mhusika wako ana jambo analolitaka, japo dogo. Karanja analo, Gomez analo. Jeroge hakupewa.

Ukitaka kujifunza kwake, anza na Sapphire na uitazame mara mbili. Mara ya pili usimfuate anayezungumza. Mfuate Cameron kila anapokuwa ndani ya picha, uhesabu ni mara ngapi anabadilisha mawazo bila kufungua mdomo. Kisha tazama Pool of London. Kwa The Message tafuta toleo la Kiingereza, kwa kuwa la Kiarabu lilipigwa sambamba nalo likiwa na waigizaji wengine katika nafasi kuu, na vibanda vingi huuza diski zote mbili zikiwa na picha ile ile ya jalada.